Supu nzito ya njegere na nyama ya moshi: namna ya kuipika halali ukiwa Meru au Embu

Binti wa kaka yangu anasoma chuo kimoja huko Embu. Juzi alinipigia simu akiwa kwenye warsha ya hoteli, sauti chini kama mtu aliyejificha msalani. "Ami, wametupa supu ya kijani, nzito kama uji. Wanasema ni ya minji. Nile?" Nikamwambia aiache kwanza, amuite mpishi, amuulize swali moja: hii supu imechemshwa na nini? Jibu lilikuja baada ya dakika tano. Ilichemshwa na mfupa wa nguruwe.

Swali lile sikulisoma kitabuni. Miaka kadhaa iliyopita, nilipokuwa nikifanya kazi Meru, niliketi hotelini jioni ya baridi nikaletewa bakuli kama lile. Nikamuuliza mhudumu, "Ina nyama?" Akasema hapana, ni minji tu. Wala hakunidanganya, kwa sababu nyama ilikuwa imeshaopolewa jikoni. Nilikuwa nimefika nusu ya bakuli ladha ya moshi iliponitia shaka. Masheikh wetu hutufundisha kwamba aliyekula bila kujua wala kukusudia hana lawama, lakini usiku ule sikulala vizuri. Asubuhi yake nikaapa kwamba supu hii nitajifunza kuipika mwenyewe, kwa sababu, sikufichi msomaji, ilikuwa tamu.

Makala haya ni kwa vijana wetu wanaosoma Embu, Chuka na Nchiru, kwa walimu na wafanyakazi wa Pwani walioajiriwa huko, na kwa yeyote anayetaka chakula cha moto kinachoshika tumbo. Jambo ninalotaka mlishike ni moja: utamu wa supu hii hautoki kwa nguruwe. Unatoka kwenye njegere, chumvi na moshi, na vyote vitatu ni halali.

Supu hii ni nini

Ni njegere zilizokaushwa, zikatolewa ganda na kupasuliwa katikati, kisha zikachemshwa polepole hadi zikayeyuka zenyewe. Bara wanaziita minji. Zikipasuliwa huwa na umbo kama la dengu, ila rangi yake ni kijani au manjano. Hazihitaji unga wa kuongezea uzito. Wanga wake mwenyewe ndio unaoifanya supu iwe nzito.

Kwao hasa ni Ulaya ya kaskazini, kwenye baridi kali. Waholanzi huipika nzito hadi husema kijiko kisimame wima ndani ya bakuli. Waswidi huila siku ya Alhamisi, ya njegere za manjano, na baadaye hula chapati za maji. Wafaransa wa Quebec, Kanada, nao wana yao ya manjano. Hata ukungu mzito wa London ya zamani, uliochanganyika na moshi wa makaa ya mawe, Waingereza waliupa jina la supu hii. Aliyewahi kutoka nyumbani alfajiri ya Julai pale Meru ataelewa jina hilo lilikotoka.

Huko kwao hutiwa paja au mguu wa nguruwe uliolazwa kwenye chumvi na kufukizwa moshi. Sababu ilikuwa ya kimaisha: nyama ilichinjwa kabla ya baridi, ikahifadhiwa kwa chumvi na moshi, na njegere kavu zilikuwa ghalani. Maskini akaviunganisha viwili akapata mlo. Yaani nguruwe aliingia kwa sababu ndiye aliyekuwapo zizini. Sisi zizini mwetu mna ng'ombe, mbuzi na kondoo.

Njegere za wapi, na kama huzipati

Meru na Embu ni nchi ya jamii ya kunde, na ardhi yake ni ya ngazi. Juu, upande wa Timau na Kibirichia, kuna baridi na minji husitawi. Ukishuka chini, upande wa Tharaka na Mbeere, kuna joto na ukame, na huko ndiko kwenye mbaazi, kunde na pojo. Pojo wao wanaiita ndengu, kwa hiyo usichanganye na dengu yetu. Mbaazi hukaa shambani miezi mingi lakini huvumilia jua, ndiyo maana mkulima wa Mbeere haiachi.

Soko la Gakoromone mjini Meru, na soko la mjini Embu, utakuta magunia ya nafaka yamepangwa safu kwa safu. Njegere zilizopasuliwa utazipata zaidi kwenye supamaketi na maduka ya vyakula vya Kihindi. Usipozipata, tumia moja ya hizi:

Mbaazi zilizokobolewa na kupasuliwa. Hizi ndizo zinazokaribia zaidi kwa uzito na utamu, na Mpwani anazijua.

Dengu za kupasuliwa. Ladha nzuri, ila hazivurugiki upesi. Ziroweke saa mbili kwanza.

Kamande au pojo iliyokobolewa. Huiva haraka, kwa hiyo inafaa kwa mwanafunzi mwenye gesi ndogo.

Unaponunua, tazama mambo mawili. Rangi iwe imeiva, isiwe imepauka, kwa sababu njegere iliyokaa miaka ghalani haiivi hata uichemshe mpaka Isha. Na usiwe na unga unga chini ya gunia, maana hiyo ni dalili ya dumuzi.

Nyama ya moshi iliyo halali

Hapa kuna njia tatu. Chagua kwa uwezo wako.

Njia ya kwanza ni kununua. Nyama ya ng'ombe au ya bata mzinga iliyofukizwa moshi huuzwa Nairobi na Mombasa. Usitosheke na neno "ng'ombe" kwenye pakiti. Tafuta alama ya halali ya taasisi inayotambulika, kama Kenya Bureau of Halal Certification, na usome viungo vyote, kwani baadhi ya nyama za pakiti huchanganywa. Kama ni bucha ya mtaani, muulize mwenye bucha nyama ilichinjwa wapi na nani. Bara si ajabu kumkuta mchinjaji wa ng'ombe na mbuzi ni Mwislamu, lakini kuuliza si utovu wa adabu.

Njia ya pili ni kufukiza mwenyewe. Sisi tunaofukiza udi kwenye nguo na ubani kwenye chumba hatufundishwi maana ya moshi. Chukua kilo moja ya nyama ya kifua au mbavu za ng'ombe, pamoja na mfupa. Ipake kijiko kimoja na nusu cha chakula cha chumvi, pilipili manga na thomu iliyopondwa. Iweke kwenye friji usiku mmoja. Baridi ya Meru si friji, kwa hiyo kama huna friji ipake chumvi, ngoja saa moja, kisha fukiza na kupika siku hiyo hiyo.

Siku ya pili ifute maji ikauke. Tafuta sufuria kuukuu iliyo nene, na ndani yake tandika karatasi ya foili. Weka konzi mbili za vipande vidogo vya kuni kavu juu ya foili. Weka wavu juu yake, nyama juu ya wavu, funika vizuri, na uteleke kwenye moto wa wastani. Baada ya dakika kumi moshi utaanza. Punguza moto, uache dakika arobaini na tano hadi saa moja. Moshi mwembamba mweupe ndio unaotakiwa. Ukiwa mweusi na mzito, nyama itakuwa chungu.

Kuni zinazofaa ni za mwembe, ambazo Mbeere zimejaa, na za mgunga. Vifuu vya nazi vilivyokauka pia ni vizuri, na mtu akitoka Pwani unaweza kumwagiza gunia dogo. Usitumie msonobari wala mwerezi, kwa sababu zina utomvu. Na kamwe usitumie mbao zenye rangi, wala vipande vya nguzo za umeme, kwa sababu zimetiwa dawa yenye sumu.

Nyama hii imetiwa ladha ya moshi tu. Haijahifadhiwa ya kuning'inizwa jikoni, na ndani bado ni mbichi. Lazima ichemshwe ndani ya supu.

Njia ya tatu ni ya mkato, na mama zetu wengi wa Mombasa wanaijua kwa kuku na biriani. Pika supu kwa nyama ya kawaida yenye mfupa. Ikiiva, weka kibakuli kidogo cha chuma kielee juu ya supu au kikae juu ya kipande cha kiazi. Tia ndani kaa moja jekundu, dondoshea samli nusu kijiko, na ufunike haraka. Acha dakika tano. Toa kaa, koroga. Moshi utakuwa umeingia.

Msomaji wa Isiolo ataniuliza, na nyirinyiri je? Nyirinyiri ni nyama iliyokatwa vipande vidogo, ikakaushwa, ikakaangwa na kuhifadhiwa kwenye mafuta, na Isiolo iko jirani na Meru. Haina moshi, lakini ina chumvi na ule ukavu unaotafuna. Tia vijiko vichache juu ya bakuli wakati wa kuandaa. Usiichemshe na supu, itapoteza utamu wake.

Neno moja kuhusu jiko la makaa. Fukiza nyama nje, kwenye ua au uwanja. Kila msimu wa baridi nchini husikika habari za watu waliolala na jiko la makaa chumbani wakafa usingizini, kwa sababu hewa ya makaa huua bila kunuka. Mwanafunzi aliyepanga chumba kimoja asithubutu.

Vipimo vya watu sita

Njegere zilizopasuliwa, nusu kilo. Nyama ya moshi yenye mfupa, gramu 700. Maji, lita mbili na nusu. Vitunguu maji viwili. Karoti mbili. Kiazi kimoja kikubwa. Thomu, chembe nne. Bizari nyembamba, kijiko kimoja cha chai. Pilipili manga, nusu kijiko cha chai. Mafuta, vijiko viwili vya chakula. Kotmiri, ambayo bara huiita dania, kishada kimoja. Ndimu moja. Chumvi utaijua mwishoni.

Namna ya kupika

Chambua njegere, toa mawe, zioshe hadi maji yawe safi. Kuroweka si lazima, lakini ukiroweka saa mbili utaokoa moto.

Kaanga vitunguu kwa moto mdogo hadi vilainike bila kuwa vyekundu. Tia thomu na bizari, koroga dakika moja.

Tia nyama, njegere na maji. Moto uwe mkubwa hadi ichemke. Litapanda povu la kijivu, liengue lote kwa upawa. Usipoliengua, sufuria itafurika na supu itakuwa na uchungu kidogo.

Punguza moto iwe inatokota polepole. Funika nusu. Koroga kila dakika kumi kwa mwiko, ukikwangua chini, kwa sababu njegere zikishika chini huungua na sufuria nzima hunuka.

Baada ya saa moja tia karoti na kiazi, vimekatwa vipande vidogo.

Njegere zikivurugika zenyewe, toa nyama. Itenge na mfupa, ichane vipande vidogo, uirudishe. Anayetaka supu laini aiponde kwa mwiko. Mimi naiacha na vipande.

Sasa onja. Nyama ilikuwa na chumvi, huenda isihitaji nyongeza. Tia pilipili manga, kotmiri na ndimu. Epua.

Kwa nini Meru inachelewa kuiva

Mpwani anayepika bara hudhani amenunua njegere mbovu. Mara nyingi tatizo ni mlima. Mombasa, kando ya bahari, maji huchemka kwa joto la digrii 100. Kila ukipanda mita 300 hivi, joto la kuchemka hupungua kwa karibu digrii moja. Mji wa Embu uko karibu mita 1,350 juu ya bahari na Meru kiasi cha mita 1,500, kwa hiyo maji huchemka yakiwa karibu digrii 95. Timau, iliyo zaidi ya mita 2,000, hupungua zaidi. Sufuria inatokota kwa macho yako, lakini joto lake ni dogo kuliko la nyumbani.

Kwa hivyo supu inayoiva Mombasa kwa saa moja na robo, ihesabie saa moja na nusu hadi mbili Meru. Kuongeza moto hakusaidii, kunakausha maji tu. Haraka haraka haina baraka.

Sufuria ya presha huondoa tatizo hili, kwa sababu hupandisha joto la kuchemka. Humo njegere huiva kwa dakika ishirini hadi ishirini na tano. Lakini usijaze zaidi ya nusu. Njegere hutoa povu, na povu likiziba tundu la mvuke ni hatari. Chemsha na kuengua povu kwanza, ndipo ufunge kifuniko.

Na usitie ndimu, ukwaju wala nyanya mapema. Uchachu huzuia njegere kulainika. Wengine hutia magadi. Ni kweli magadi hulainisha, lakini huharibu vitamini B1 na yakizidi huacha ladha ya sabuni. Ukiwa na subira huyahitaji.

Kuila na kuiweka

Bara wengi wataila na chapati. Mimi naipenda na mkate wa mofa, na asiyepata mofa atumie mkate wowote uliookwa ukakauka kidogo. Kwa mwanafunzi, bakuli moja ni mlo kamili. Takriban robo ya uzito wa njegere kavu ni protini, kwa hiyo hata mwezi wa mfuko mwembamba unaweza kupunguza nyama, ukabakiza mfupa tu wa ladha.

Ikipoa itaganda kama uji. Hilo si kuharibika. Ongeza maji ya moto, koroga. Isikae nje zaidi ya saa mbili baada ya kuepuliwa. Kwenye friji hukaa siku tatu, na kila ukiipasha moto ichemke hasa, si kuwa vuguvugu. Asiye na friji apike ya siku moja.

Ukiwa mgeni mezani

Narudi kwa swali la mwanzo, kwa sababu ndilo lililonifanya niandike. Usiulize "ina nyama?" Uliza "imechemshwa na nini, na mlitumia mafuta gani?" Uliza kabla ya kijiko cha kwanza, na umuulize aliyepika, si aliyebeba sinia. Uliza kwa tabasamu. Wenyeji wa Meru na Embu ni watu wakarimu, na wengi wameishi na Waislamu wa Majengo zao kwa muda mrefu. Wanaelewa. Mara nyingi anayeficha hakusudii ubaya. Hajui tu kwamba mchuzi uliopitiwa na mfupa kwetu ni sawa na mfupa wenyewe.

Na ukishaipika kwako, usile peke yako. Imepokewa katika Sahih Muslim kwamba Mtume (SAW) alimuusia Abu Dharr, apikapo mchuzi, azidishe maji na awakumbuke majirani zake. Sijui chakula kinachokubali wasia huo kama supu hii, kwa sababu ukiiongezea maji haiharibiki, inaongezeka tu.

Nilipokuwa Meru nilikuwa na jirani, mzee Mmeru, Mkristo, aliyewahi kuwa mpishi kwenye mashamba ya wazungu upande wa Timau ujanani mwake. Jioni niliyofaulu kuipika vizuri nilimpelekea bakuli, nikamwambia ni ya ng'ombe, imefukizwa kwa kuni za mwembe. Alionja, akanyamaza, akaonja tena. Kisha akasema, "Hii ndiyo ile. Mguu wa nguruwe umeuficha wapi?" Nikamwambia haupo. Akacheka mpaka akakohoa, akaomba bakuli la pili. Kuanzia siku hiyo, kila alipochemsha mahindi na maharagwe yake, aliniletea, na kabla sijauliza alikuwa akisema mlangoni: "Nimepika kwa mafuta ya uto, kijana wangu. Kula bila wasiwasi."